Barafu ya Kwenye Ufa

Dolgor alikuwa mtu wa kuchagua maji. Wapo watu wanaochagua nyama, wapo wanaochagua nguo. Yeye angeweza kula ugali wa shayiri uliolala siku tatu bila kununa, lakini umpe maji yenye ladha ya bomba uone atakavyokutazama. Kijijini kwao, ukingoni mwa Ziwa Baikali, hakuna aliyechimba kisima kikafaa. Chini ni mwamba mtupu, na hicho kidogo kinachotoka kina ladha ya misumari. Kiangazi watu huchota ziwani kwa ndoo. Majira ya baridi, ziwa likishaganda kiasi cha kupitisha lori, huenda mbele ya rasi na masululu na misumeno, wakakata barafu vipande vikubwa, wakaviburuta hadi nyumbani na kuvipanga nje ya mlango kama matofali. Ukitaka chai unavunja kipande, unakitumbukiza kwenye pipa lililo karibu na jiko, unasubiri kiyeyuke.

Barafu nzuri haina rangi. Unaishika mbele ya uso, unamwona jirani yako anavyokukonyezea upande wa pili. Hiyo ndiyo Dolgor aliyokunywa tangu azaliwe, na ndiyo aliyomlea nayo mdogo wake Lopson, baada ya mama yao kufariki na kumwachia mtoto ambaye hata meno hayajamwota.

Siku mbili kabla ya Mwezi Mweupe, sikukuu yao ya mwaka mpya, alifunua pipa, akainama kuchota, akarudi nyuma.

Harufu yenyewe haikuwa kali. Ingekuwa kali angesema panya amefia humo, akamwaga, yakaisha. Ilikuwa harufu ya chini chini, ya joto, ya kinyumbani mno. Ilikuwa harufu ya choo ambacho mtu ametoka sasa hivi na kukiacha mlango wazi. Dolgor alichovya kidole, akakinusa, akakipangusa kwenye aproni, kisha akaivua aproni yenyewe na kuitupa mlangoni. Tangu alfajiri alikuwa ameshakunywa bakuli mbili za chai ya maji hayo, tena amesifu.

Alitoka nje kwenye rundo la barafu. Mara hii hakwenda kukata mwenyewe kwa sababu ya goti. Lopson ndiye aliyemletea shehena nzima kwa gari lake, zawadi ya sikukuu, kwani siku ya kwanza ya mwaka ukoo wote hunywa chai kwa dada mkubwa. Dolgor alikuwa amemshukuru mbele ya majirani. Sasa aliinamia kipande kimoja baada ya kingine, akaona. Ndani ya barafu mlipita mshipa wa rangi ya mkojo, na kando ya mshipa, kimeganda bila kuchakaa, kipande cha karatasi laini nyeupe. Barafu ile ilikuwa safi kiasi kwamba kila mkunjo wa karatasi ulionekana, na kilichopakwa kwenye mikunjo hiyo kilionekana pia.

Alitapika palepale, juu ya theluji, mkono mmoja ukiwa ukutani.

Kisha akavaa viatu vya manyoya, akafunga shali, akashuka ziwani.

Mahali pa kukatia barafu hapakuwa mbali, lakini kwa goti lile njia ilirefuka. Upepo ulikuwa umefagia theluji yote na ziwa limebaki jeusi, linang'aa, na nyufa nyeupe zimekwenda chini hadi macho yanachoka kuzifuata. Alifika kwenye shimo la mraba lililokuwa limeganda upya, akatazama huku na huku, akaufuata ule ufa mkubwa.

Kila mtu pale anaujua ufa huo. Kila mwaka hupasuka palepale, kutoka kwenye rasi kwenda katikati ya ziwa. Usiku baridi ikizidi barafu husinyaa na ufa hufunguka. Mchana jua likipiga barafu hutanuka, ufa hufunga mdomo, na maji yaliyokuwemo hubanwa, yakapanda juu, yakatapakaa pande zote mbili na kuganda. Ukitia kitu mle hujakipeleka popote. Ziwa linakurudishia kesho yake mchana.

Na lilikuwa limerudisha. Kuanzia kwenye ule ufa hadi karibu na shimo la kukatia, barafu ilikuwa na ngozi juu yake, ya kahawia, yenye mabonge. Karatasi zilikuwa zimesimama wima humo, zimekakamaa. Palikuwa na vitu vingine vya wanawake ambavyo Dolgor hakutaka kuvitazama mara ya pili. Mbwa mmoja wa kijiji alikuwa amelala kifudifudi akilamba, kwa raha zake, na alipomwona Dolgor akatikisa mkia.

"Toka hapo," Dolgor alimwambia. "Hata wewe una kwenu."

Alama za matairi zilitoka ufani zikaenda moja kwa moja kwenye kambi ya Lopson.

Kambi hiyo ilikuwa ya mahema makubwa yaliyosimikwa juu ya barafu, yenye majiko ndani, kwa ajili ya watu wa mijini wanaosafiri mbali kuja kulala kifudifudi juu ya ziwa na kupiga picha mapovu yaliyogandia ndani ya barafu. Mwanzoni mwa majira wazee walikuwa wamesita. Mjomba Tsybik, kaka wa marehemu mama yao, ambaye kijiji kizima husikiliza neno lake, alimkubalia Lopson kwa sharti moja: choo kisiguse ziwa. Vinyesi vyote vipakiwe, vipelekwe nchi kavu, nyuma ya kilima. Lopson aliapa mbele ya jiko la mjomba, na Dolgor alikuwapo, na Dolgor ndiye aliyemwombea.

Alimkuta anakunywa supu mbele ya hema, koti la manyoya liko wazi kifuani, uso umenawiri.

"Dada. Umetembea na goti lako hilo? Kaa, upate supu ya samaki."

"Sili kitu hapa."

"Nani kakuudhi?"

"Ndoo za vyoo vyako mnazimwaga wapi?"

Lopson aliweka bakuli chini polepole. Hakujitia kushangaa, hilo angalau. "Ahaa," alisema. "Umepita kule."

"Nimepita kule. Na kabla ya kupita kule nimekunywa. Umeniletea mavi mlangoni, Lopson, umeyapanga vizuri, nikakwambia asante."

"Dereva ndiye aliyekata. Mimi sikujua amekata upande ule."

"Sikuulizi alikokata. Nakuuliza mnakomwaga."

"Dada, nisikilize. Lile lori la kubebea limekufa injini. Mapipa yameganda, hayamwagiki mpaka uyapashe moto, na wageni ndio hao wanafurika, siwezi kuwaambia wabane mpaka masika." Alicheka kidogo. "Halafu ziwa hili lina kina ambacho hata mnara wa mjini ukizama huuoni tena. Vindoo vyangu vitalifanya nini? Samaki nao wanakwenda haja humo humo tangu dunia iumbwe, mbona hujawahi kuwafokea?"

"Samaki hawatumii karatasi."

"Umeanza."

"Sikukuu ikipita akiba za watu zitakuwa zimekwisha. Watakuja wote kukata pale. Handa hapo jirani ana wajukuu wadogo kwake."

"Basi waambie wakate upande mwingine. Sema umeota ndoto. Wewe ukisema umeota, nani atabisha?" Akasogea, akamshika mkono, sauti ikashuka. Ni sauti ileile aliyokuwa akiitumia utotoni akitaka kipande cha pili cha nyama. "Mjomba akijua atanifukuza ziwani leo leo. Nimeweka kila nilichonacho hapa. Ninyamazie mpaka barafu ivunjike. Wewe ni mama yangu, Dolgor."

Dolgor aliutazama mkono ule juu ya wake, vidole vinene, safi, vinanukia sabuni nzuri, akasikia kinyaa kikimpanda tena. Si cha kinyesi mara hii. Cha kinyesi alikuwa ameanza kukizoea. Hata hivyo alikuwa amemlea, na aliyemlea mtu hupunguza makali hata pale anapotaka kukata.

"Sitamwambia mjomba," alisema. "Utamwambia wewe, kwa mdomo wako, kesho kutwa, siku ya kwanza ya mwaka, kwangu, kabla chai haijamiminwa. Ndoo zisimame leo. Ukisema mwenyewe nitakaa upande wako, nitakuombea tena."

"Na nisiposema?"

"Utasema."

"Sawa, dada," alijibu Lopson, akambusu shavuni, naye Dolgor akajifuta kwa shali mdogo wake alipokwisha kugeuka.

Siku iliyofuata alikwenda kwa Handa, jirani na shoga yake, akamwambia barafu yake imeingia mafuta ya gari. Uongo huo nao ulimchafua mdomo. Handa alimpa vipande vya akiba yake, vilivyokatwa mwanzoni mwa baridi kabla kambi haijafika, vyeupe, visivyo na doa. Dolgor alilisugua pipa kwa majivu na maji ya moto hadi ngozi ya vidole ikamchubuka, akalijaza maji ya Handa. Lile rundo la mlangoni alilibeba lote kwa kigari cha kuteleza na kulitupa bondeni. Alibakiza kipande kimoja, chenye mshipa. Alikiyeyusha katika birika dogo, peke yake, akichemsha huku dirisha liko wazi. Kama Lopson hatasema, atamwekea bakuli lake la chai hiyo mbele ya watu wote. Hakuna mtu kwao anayekataa chai ya siku ya kwanza ya Mwezi Mweupe. Anayeikataa amemkana mwenye nyumba. Lopson hataweza kuinywa, na akishindwa kunywa itabidi aeleze kwa nini. Ndivyo alivyopanga, na alijiona mwerevu sana.

Asubuhi ya sikukuu nyumba ilijaa. Juu ya meza palikuwa na vitu vyote vyeupe vinavyotakiwa, maziwa ya mgando, siagi, jibini kavu, na buuza, yale maandazi ya nyama ya kupikwa kwa mvuke, zilikuwa zinafuka sufuriani. Mjomba Tsybik aliketi pembe ya heshima, kavaa joho la buluu, mdogo kama mtoto, masikio yameshalegea lakini akili haijaenda popote. Mmoja baada ya mwingine waliingia, wakanyoosha mikono chini ya mikono yake, wadogo wakimwinua mkubwa viwiko, wakamwuliza kama amevuka mwaka salama.

Lopson alikuja na skafu ya hariri na boksi la peremende. Aliinua mikono ya mjomba kwa adabu zote.

"Umevuka salama, mjomba?"

"Nimevuka. Goti na macho vimebaki ng'ambo, lakini mimi nimevuka."

Watu wakacheka. Dolgor alisimama kwenye jiko, mabirika mawili mbele yake, kubwa na dogo, akasubiri. Lopson aliketi karibu na mjomba. Akasimulia habari ya mgeni aliyeung'ang'ania mlingoti wa hema akilia aliposikia barafu inanguruma. Akasimulia ya mwingine aliyeulizia kama ziwa huwashwa taa kwa chini. Nyumba nzima ilishika mbavu. Dolgor hakucheka. Kila Lopson alipofungua mdomo, Dolgor alifikiri, sasa. Na kila mara kilichotoka kilikuwa kichekesho kingine.

"Na kazi?" aliuliza mjomba.

"Nzuri, mjomba. Ziwa limetubariki mwaka huu."

"Na ile habari tuliyokubaliana. Ya vyoo."

Chumba kilikuwa kimetulia kidogo kumsikiliza mzee. Dolgor alishika mpini wa birika dogo.

"Nyuma ya kilima, mjomba," alisema Lopson, jicho kavu. "Kila asubuhi. Kama tulivyokubaliana."

"Vizuri," alisema mzee. "Vizuri sana, mwanangu."

Dolgor alimimina. Alitia maziwa, akatia chumvi, akakoroga; ikawa chai nyeupe yenye mvuke, nzuri ya kutazama, na hilo ndilo lililomkirihi kuliko yote. Akavuka chumba nayo kwa mikono miwili. Mashangazi wakatazamana, kwa sababu bakuli la kwanza ni la mjomba na yeye alikuwa anampelekea mdogo wake. Alimwinamia.

"Ni ile ya ufani," alimnong'oneza. "Sema, au kunywa."

Lopson alilipokea. Alilitazama, pua ikamcheza kidogo, na Dolgor akaona kwamba ameelewa, tena ameelewa kabisa. Kwa muda uso ule ulikuwa wa yule mtoto wake akikamatwa. Kisha ukafunga.

"Dada kachoka na mapishi, kasahau adabu," alisema kwa sauti ya kusikika, akitabasamu kwa watu wote. "Mdogo anywe kabla ya mkubwa, tangu lini?" Akageuka, akainama, akanyoosha bakuli kwa mikono miwili, vizuri kabisa, kama alivyofundishwa. "Mjomba. Pokea wewe kwanza."

Watu waliguna kwa kuridhika. Mjomba Tsybik alipokea. Alichovya kidole cha pete, akarusha tone juu, tone kwenye jiko, tone kwa waliokufa. Midomo yake ilikuwa inasema baraka. Lopson alikuwa ameshika magoti yake, ametulia, anaangalia buuza.

Dolgor alisubiri kidogo tu, akiamini mdogo wake atanyoosha mkono amzuie. Hakuunyoosha. Bakuli likapanda, mvuke ukamfunika mzee kidevu, na Dolgor akalipiga kwa kiganja chote. Lilimtoka mjomba mikononi, likagonga ukuta. Chai ikamwagikia joho la buluu, ikamwagikia zulia, na mjukuu mmoja wa Handa akaanza kulia.

Hakuna aliyewahi kuona jambo kama hilo, mwanamke kumpiga mjomba wake mkono, asubuhi ya mwaka, na maziwa chini.

"Ni mavi," alisema Dolgor. "Samahani, mjomba. Ni maji ya vyoo vya kambi yake. Anamwaga kwenye ufa mkubwa, na ufa unayarudisha tunapokata barafu. Nimeona kwa macho yangu. Nimeyapika mimi, kwa ajili yake yeye, apate aibu aseme. Nilidhani atasema."

Mzee hakumtazama Dolgor. Maziwa yalikuwa yanamdondoka kwenye mkono wa joho, tone kwa tone, na alimgeukia mpwa wake.

"Wewe ulijua kilichomo, uliponipa?"

Lopson alitafuta kitu cha kuchekesha, ikaonekana wazi anakitafuta, akakikosa.

"Ilikuwa imechemshwa, mjomba," alisema.

Mjomba Tsybik aliomba maji ya kusukutua mdomo, ingawa hata tone halikuwa limeingia. Dolgor alikimbilia pipani na kata. Mzee alilitazama pipa, akautazama mkono wake Dolgor, akatikisa kichwa, na kijana mmoja akatoka nje kumletea theluji. Wanaume walikuwa wameshavaa kofia zao. Walishuka ziwani bila kuaga, wengine na masululu. Wanawake walikusanya watoto. Buuza zilibaki sufuriani, hakuna hata moja iliyoguswa.

Handa alikuwa wa mwisho. Alisimama mlangoni na shali mkononi.

"Haya ya pipani ni yako, Handa," Dolgor alimwambia. "Ni yale uliyonipa. Nimesugua kwa majivu. Kunywa hata funda moja, wakuone."

"Najua ni yangu," alisema Handa kwa upole, macho yakiwa chini. "Lakini siwezi, shoga. Nikifikiria tu, siwezi."

Akatoka.

Lopson alikuwa bado ameketi. Alisubiri nyayo ziishie nje, akanyanyuka, akaenda jikoni, akanusa lile birika kubwa.

"Hili ni la maji ya Handa?"

Lopson alijimiminia bakuli, akapuliza, akanywa lote akiwa amesimama, koo linapanda na kushuka, kisha akamimina la pili. Alikuwa mtu pekee katika kijiji kizima aliyeyaamini maji ya dada yake.

"Chumvi haitoshi," alisema, akavuta kijitungi cha chumvi karibu.